Ziara ya Hamamni na Kidichi na ami yangu wa Leamington Spa: nyota tatu

Haya jamani, nilisema ntaandika maoni ya ile ziara ya nusu siku ya mahamamu, yaani majumba ya zamani ya kuogea hapa Unguja, Hamamni mjini halafu Kidichi shamba, kwa hivyo naandika, lakini nakwambieni mapema kwamba nusu ya maoni haya ni habari za mji mmoja wa Uingereza, kwa sababu bila ya ami yangu ile ziara ingekuwa chapwa kama mchuzi uliosahauliwa chumvi. Kampuni siitaji jina, ni vijana wanatafuta riziki, ntasema yaliyotokea tu bas.

Kwanza mumjue ami. Kaondoka Unguja zamani, anakaa mji unaitwa Leamington Spa, mkoa wa Warwickshire, katikati ya Uingereza huko, mwenyewe anautamka Lemington, keshastaafu, alikuwa dereva wa basi. Tatizo ni hilo neno la mwisho. Huku kwetu spa ni ile ya mahoteli ya Nungwi, unalala kifudifudi unapakwa mafuta ya nazi unakandwa. Kwa hivyo miaka yote mtaani watu walijua ami anafanya kazi spa. Bi mkubwa wangu, yaani mama'angu, ambaye ni shemeji yake, akiulizwa habari zake alikuwa anajibu kwa sauti ya chini, yuko huko huko, spa. Mpaka juzi tumo ndani ya gari ndio ami kafahamu kwa nini kila anayempa mkono anautazama mkono wenyewe kwanza.

Ikabidi aeleze. Spa kwa kule ni mji wenye maji ya dawa yanayotoka chini ya ardhi. Lemington kilikuwa kijiji tu, kikiitwa Leamington Priors, mwaka 1801 kilikuwa na watu mia tatu na kidogo, yaani mtaa mmoja wa Mji Mkongwe unawazidi. Chemchem moja ilikuwa ikijulikana tangu zamani karibu na kanisa, halafu 1784 bwana mmoja mwenye nyumba ya wageni, William Abbotts, pamoja na fundi viatu Benjamin Satchwell wakavumbua ya pili kwenye ardhi ya huyo Abbotts, na miaka miwili baadae akafungua bafu za kulipia. Hapo ndio mji ukaanza kufura. Matajiri wakaja kuoga na kunywa, madaktari wakaandika maji badala ya dawa, mahoteli yakapanda, 1838 Malkia Victoria akawapa ruhusa ya kujiita mji wa kifalme, na jina lao rasmi mpaka leo lina hiyo Royal mbele.

Bi mkubwa akauliza maji yenyewe yana nini. Ami akasema ya chumvichumvi, na kidogo yanaharisha. Kimya. Halafu bi mkubwa akasema, kwa hivyo watu wanapanda farasi kutwa nzima wanakwenda kuharisha? Ami akasema ndio shemeji, na wanalipia. Kumbe mji mzima umejengwa juu ya haluli! Dereva alicheka mpaka akapunguza mwendo.

Sasa turudi kwenye huduma yenyewe. Bei nilipopiga simu niliambiwa dola thelathini na tano kwa kichwa. Nikasema kaka, mie nakaa Vikokotoni. Ikashuka ikawa shilingi elfu arubaini, bi mkubwa akachukua simu akaongea mwenyewe, sijui alisema nini kwa sababu alitoka nje nayo, ikawa elfu ishirini na tano na mtoto bure. Mtoto ni wa dada'angu, ana miaka tisa. Tukaambiwa saa tatu asubuhi Darajani, kijana wa kutembeza akatokea saa tatu u nusu bila hata samahani. Si papasi wa kuvizia watalii njiani, ana kitambulisho shingoni na shati la kampuni, msafi, ana adabu kwa wazee, hayo nampa.

Lakini alipofungua mdomo akatuanzia Kiingereza. Nikamwambia yakhe sisi watu wa hapa hapa, bi mkubwa mtu wa Wete, sema Kiswahili. Akacheka akasema sawa, akaenda maneno matatu akarudi Kiingereza. Si kwamba anaringa, maskini, nilimtazama vizuri, ile habari kaihifadhi kwa Kiingereza mwanzo mpaka mwisho kama mtoto wa chuoni alivyohifadhi juzuu, ukimkata katikati lazima arudi juu aanze upya. Alipofika kwenye chumba cha moto cha Hamamni akakosa neno la mvuke, akasimama akasema yale maji, yale yakiwa kama moshi. Mtoto akamwambia mvuke. Akasema ehee, ahsante mdogo wangu.

Na kosa kubwa likaja hapo. Akasema Hamamni imejengwa na Seyyid Said kwa ajili ya mke wake wa Kiajemi. Siyo, hiyo ni Kidichi! Ami akamgusa bega taratibu akamwambia mwanangu, hii ni ya Sultani Barghash, aliyetawala 1870 mpaka 1888, fundi wake Haji Gulamhussein, na hii ilikuwa ya watu wote, unalipa unaoga, si ya mke wa mtu. Kijana akasema kweli mzee nimechanganya. Hakununa, nampa na hilo. Lakini jiulize wangapi keshawachanganyia.

Mie jengo hili nimelipita maelfu ya mara nikienda kununua boflo, mtaa mzima unaitwa Hamamni kwa ajili yake, na ndani sijawahi kutia mguu mpaka siku hiyo. Nje ni ukuta tu. Ndani kumbe vyumba vinafuatana kimoja baada ya kimoja, vya kuvulia, vya kunyolewa, hodhi la maji baridi, la maji moto, dari za kuba, mwanga unaingia kwa juu unaangukia sakafuni kama sahani. Ule moto ulikuwa unawashwa chini kwa chini, sakafu ndio inapata joto. Miaka ya 1920 ikasita kazi na haijaoga mtu tena. Mtoto kasimama chini ya kuba akasema aaa, sauti ikamrudia nene kuliko yake, akarudia mara kumi hivi, akajaribu na jina la Simba, akajaribu na Yanga, ikabidi bi mkubwa amtoe kwa sikio.

Hapo ndipo ami alipoanza na kwetu Lemington, kwetu Lemington, na mie mwanzo nilikereka lakini sikiliza. Kule wana jumba linaitwa Royal Pump Rooms, limefunguliwa 1814, ndiko watu walikokwenda kunywa yale maji na kutumbukizwa. Sasa humo humo kuna makumbusho na maktaba ya mji, vimehamia 1999, kuingia hulipi hata senti. Na ndani ya makumbusho kuna chumba chao cha hamamu! Wanaita hivyo hivyo, hamamu, ya Kituruki, ya enzi za Victoria, wamekitengeneza upya watu wakione, nacho hakifanyi kazi. Ami anasema alipoingia mara ya kwanza, kijana mgeni, baridi imemkaba, kazi hajapata, akasoma lile neno mlangoni, alikaa kwenye benchi humo mpaka wakafunga. Alisema hivyo halafu akajidai anatazama dari.

Fikiria lakini. Waingereza wameiga Waturuki, Barghash kaiga Waajemi, karne ile ile moja, na zote mbili leo kavu, watu wanaingia na viatu. Nikamuuliza ami ipi nzuri, niambie ukweli usinionee haya. Akasema kwa jengo yenu, yetu ni chumba na yenu ni nyumba. Kwa maelezo yao, unasoma ukutani ukitoka unajua nani kafanya nini na lini. Nakubaliana naye. Na Barghash mwenyewe alikwenda Uingereza, 1875, akapokelewa na huyo huyo Victoria, na ndiye aliyewaletea watu wa mjini maji ya bomba kutoka Chemchem, kwa hivyo jamaa kichwani mwake maji yalikuwa yamekaa. Kijana wetu wa kampuni hakugusia hata moja katika haya, akasema sasa muda wa kupiga picha.

Gari. Gari ilikuwa safi, kiyoyozi kinafanya kazi, maji ya chupa ya baridi yamo, na dereva ndiye bora ya watu wote wa kampuni ile. Njia ya kwenda Kidichi si ndefu, kilomita kumi na kitu kutoka mjini, lakini tulitumia karibu saa nzima kwa sababu ya foleni na kwa sababu dereva alikuwa hataki habari za ami ziishe. Alimuuliza, huko kwenu wanacheza mpira? Ami akasema wapo, Leamington FC, wanaitwa Breki. Gari zima tukaangua. Ni kweli, timu ilitokana na kiwanda cha breki za magari, ikafa 1988, ikarudi uwanjani 2000. Dereva akasema hiyo ndio timu yangu sasa, mie si mtu wa breki.

Mchezo wao mkubwa kwenye historia si mpira lakini, ni tenis. Nilidhani inatoka Wimbledon. Ami akasema Wimbledon wameanza mashindano 1877, watu wa Lemington walikuwa na klabu kabla, 1872, Meja Harry Gem na rafiki yake mfanyabiashara wa asili ya Hispania, Augurio Perera, pamoja na madaktari wawili wa hospitali ya hapo mjini, wakacheza kwenye majani ya hoteli moja, na hiyo inahesabiwa klabu ya kwanza duniani ya tenis ya majani. Mtoto hakushtuka. Kilichomshtua ni tembo. Kulikuwa na mtu wa sarakasi, Sam Lockhart, ana tembo zake, anazishusha mtoni kuziosha, mto wenyewe unaitwa Leam ndio mji ukapata jina, na ile njia ya kuteremkia ipo mpaka leo. Mtoto akauliza zilikuwa zikiogeshwa kwa sabuni gani. Bi mkubwa akasema Pemba ng'ombe wa mchezo tunawaogesha pwani bila ya sabuni na wanang'ara, tembo watakuwa na nini. Kuanzia hapo ikawa Pemba na Lemington, kila akitaja hiki yule anatoa kile.

Kuna na ule mchezo wa wazee, wa kuviringisha matufe kwenye majani yaliyokatwa kama zulia, yule ambaye tufe lake litakaa karibu na kitufe kidogo cheupe ndiye kapata. Victoria Park ya pale pale Lemington ndiko yanakochezwa mashindano ya taifa, na michezo ya Jumuiya ya Madola ya Birmingham 2022 upande wa matufe uliletwa hapo. Ami anasema usiwaone wamevaa nyeupe ukadhani wapole, wakianza kupima kwa utepe nani yuko karibu zaidi utadhani wacheza bao wa Jaws Corner, tafauti ni kwamba wale hawatukanani kwa sauti.

Dereva aliposikia ngumi ndio akazima redio kabisa. Randolph Turpin, kazaliwa Lemington 1928, baba yake mtu mweusi kutoka Guyana, mama Muingereza, kakulia mji wa jirani, Warwick. Tarehe 10 Julai 1951 akampiga Sugar Ray Robinson, yule yule Robinson mwenyewe, raundi kumi na tano London, akawa bingwa wa dunia uzani wa kati. Siku sitini na nne baadae wakarudiana New York, akasimamishwa raundi ya kumi, ubingwa ukarudi. Dereva anajua ngumi, akasema mzee siku sitini na nne ni nyingi, sisi huku tulikaa tangu baada ya Mapinduzi bila ya ulingo, mpaka 2022 ndio zikaruhusiwa tena. Wale wawili wakazungumza ngumi mpaka mlango wa Kidichi, na kijana wetu wa kutembeza alikuwa kiti cha nyuma anachezea simu, fursa yote ile ya kujifunza kitu cha kuwaambia Waingereza wanaomlipa dola thelathini na tano.

Kidichi sasa. Kidogo kidogo gari inapanda, maana pale ni kwenye mwinuko, upepo mzuri, mikarafuu, minazi. Hamamu yenyewe ni kijumba cheupe cha kuba, 1850, Seyyid Said kamjengea mke wake wa Kiajemi, mjukuu wa Shah Fath Ali, wapumzike wakitoka kuwinda na kutembelea mashamba. Huyu bibi baadae waliachana akarudi kwao. Kilichobaki ni nakshi zake ukutani, na hapo simameni, msikimbie kama walivyokimbizwa wenzetu wa gari nyingine. Ni chokaa iliyochongwa, maua, mitende na ndege. Ndege kwenye jumba la Sultani wa Kiomani! Unyevu umezila baadhi, nyingine ukungu umeshaziweka weusi, lakini ukikaribia ukuta kwa pembeni, mwanga wa juu ukiupiga, lile ua linajitokeza mpaka unaona ncha ya kisu ilikopita. Nilipitisha kidole hewani tu, bila kugusa, nikifuata ule mstari. Ami alitaka kuvua viatu, tukamkumbusha kwamba maji yameisha zamani.

Pale nje ami akatupa moja ya mwisho. Kule mbele ya ukumbi wa mji wao kuna sanamu ya Victoria, 1940 bomu la Wajerumani likaangukia karibu, sanamu ikasogea inchi moja juu ya msingi wake, hawakuirudisha, wakaandika kibao kwamba imesogea inchi moja. Bi mkubwa akamwambia shemeji, manowari za hao Waingereza wako zilipopiga hapa Agosti 1896 jumba la kifalme la Beit el Hukm limekuwa vumbi kwa muda usiotimia saa, tuweke vibao vingapi? Ami hakujibu. Akaniuliza tu Beit el Ajaib imefikia wapi, tangu ile Disemba 2020 ilipoporomoka upande, nikamwambia kesho tutapita ukaone kwa macho yako.

Kipande cha viungo ndicho dhaifu kuliko vyote na nakushaurini mkikwepe kama nyinyi ni watu wa hapa. Kijana akakata jani akamkunjia bi mkubwa kwa siri kama anampa hirizi, akamwambia nusa mama, kisia. Bi mkubwa hata hakunusa. Mwanangu, huu mchaichai, ninao nyuma ya choo. Akaja na mdalasini, akaja na manjano, akaja na iliki, kila kitu bi mkubwa anamtajia na anaongeza kinatibu nini na kinapikwa na nini, mwisho watalii wawili wa kundi la jirani wakahama kwa muongozaji wao wakaja kwake. Mwisho kabisa ukapelekwa kwenye meza ya sabuni. Sabuni ya karafuu kipande elfu tano mwanzo, elfu mbili mwisho, nimeijaribu nyumbani, harufu nzuri, povu hafifu, inayeyuka upesi ukiiacha kwenye maji. Mafuta yao ya mlangilangi usinunue, Darajani nusu bei. Chakula kilikuwa pilau ya mkekani na mchuzi wa samaki, hicho sina neno, kachumbari yake nimekula mara mbili.

Kurudi tukashushwa Forodhani badala ya Darajani, bila kuulizwa, saa nane jua la utosi na mama mtu mzima. Nilipopiga simu ofisini kwao wakasema gari imepata wateja wengine. Hapo nyota moja nzima imekwenda na maji.

Kwa hivyo tatu. Mahali penyewe ningepa tano, Kidichi peke yake hata sita, nendeni hata kwa daladala, ombeni mtu mzima anayejua awafuate. Kijana akijifunza ile habari yake kwa Kiswahili na akatenganisha Said na Barghash nitarudi kubadilisha. Dereva sijamhesabu humu, ami keshamaliza naye, kampa elfu ishirini na kofia yake ya Breki aliyokuwa nayo kwenye begi, na jana nimemuona Mlandege kaivaa, kasimamisha gari katikati ya njia anamuelezea trafiki habari za Turpin.